Hapa Hakuna Mtu wa Jina Hilo

Mwanangu Milembe,

Umekwenda Ibadakuli kumuaga shangazi yako, na kwa ninavyomjua shangazi yako, hatakuachia kabla hujala mara mbili. Mama yako yuko chumbani, anafungua begi lako kwa mara ya nne leo kuhakikisha kwamba alichokitia asubuhi bado kimo. Kwa hiyo nimepata nafasi ya kukaa hapa barazani na karatasi hizi wakati jua bado lipo. Ukirudi nitakupa, uzisome kabla hujalala.

Habari za sweta, za dawa, za kupiga simu ukishuka kwenye ndege, za kutomfungulia mlango mtu usiyemjua, mama yako amekwisha kuzisema na kesho stendi atazirudia zote. Mimi sizigusi. Mimi nina neno moja tu. Nasema neno kwa maana yake kabisa, sisemi nasaha. Ni neno la Kiingereza, la mitaani, la zamani, ambalo wewe unalijua kuliko mimi kwa kuwa umelisomea.

Unakumbuka ile likizo ya mwaka wa pili chuoni, ulipotusomea kitabu chako mezani? Tulikuwa tunakula ugali kwa mlenda. Ukasema, "Baba, mama, sikilizeni vituko vya maneno ya Waingereza," ukaanza kutueleza asili ya neno bladi. Ugali ulikuwa haujafika hata nusu, nikanawa mikono, nikatoka. Nyuma yangu nikakusikia ukimwambia mama yako, "Baba kachukia, nimetukana mezani." Kesho yake ukanijia umeinamisha kichwa. "Nisamehe baba, lilikuwa somo tu." Nikakwambia yamekwisha. Hayakuwa yamekwisha, Milembe, na wala hukuwa umekosa. Ulikuwa umeniita jina langu.

Halafu wiki iliyopita, ukitafuta vyeti vyako kwenye sanduku la bati, ukaibuka na karatasi ya manjano iliyoliwa na mende pembeni. Cheti cha kumaliza darasa la saba. "Baba, huyu Bladi Luhende ni nani?" Nikakujibu bila hata kumeza mate, "Ni mimi. Makosa ya karani, aliandika vibaya Bernadi." Ulicheka mpaka ukakaa chini. "Karani gani mkorofi namna hii! Ningekuwa wewe ningemfuata mpaka kwake." Mimi nami nikacheka.

Hakukuwa na makosa ya karani. Aliandika sawasawa kama alivyoambiwa. Kuna mtu mmoja ambaye katika maisha yangu nimemkana mara mbili, na mara ya pili ndiyo hiyo ya wiki iliyopita, mbele yako, huku nacheka. Siwezi kukuacha uvuke bahari na uongo huo mkononi.

Babu yako Luhende hukumkuta. Alikuwa mtu mfupi, mpole, asiyejua kusoma wala kuandika, na kazi yake ilikuwa kupaka mitambo mafuta katika kiwanda cha kuchambua pamba huko upande wa Kishapu. Uhuru ulikuwa bado mchanga. Kiwanda kilikuwa na injini moja kubwa, na injini ilikuwa na Mwingereza wake, ambaye watu walimwita Bwana Injini. Mzungu huyo alisema na injini kuliko alivyosema na watu, na kuna neno moja ambalo halikumkauka mdomoni. Nati ikidondoka, bladi. Jua likichoma, bladi. Chai ikichelewa, bladi. Wafanyakazi wakawa wanasema kwamba hiyo ndiyo bismillahi yao Waingereza, mpaka Mzee Shomari akawakemea.

Mzee Shomari ndiye aliyekuwa karani wa mizani. Asili yao watu wa pwani, lakini yeye alizaliwa Shinyanga mjini, akajua Kisukuma kama sisi, na kofia yake ilikuwa safi hata siku ambazo nyuzi za pamba zilikuwa zimetuama kwenye nyusi za watu wote. Pale kiwandani ni yeye peke yake aliyejua Kiingereza sawasawa.

Mwaka huo msimu ulipokuwa unakwisha, injini ikafa. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Pamba ilikuwa rundo uwanjani haina hata turubai, na mawingu ya mvua za kwanza yalikuwa yanakusanyika. Bwana Injini alikuwa ameifungua injini yote ameitandaza chini, hali, halali. Babu yako hakuwa fundi. Kazi yake ilikuwa kopo la mafuta na tambara. Lakini miaka yote hiyo alikuwa akiisikiliza ile injini, na alijua kwamba kabla haijafa ilikuwa imekohoa. Akamwonyesha Mzungu kwa kidole mrija mmoja mwembamba wa dizeli. Mzungu akatikisa kichwa, maana huo alikwisha kuutazama. Babu yako akauchomoa, akautia mdomoni, akapuliza mpaka mashavu yakamuuma, halafu akavuta, dizeli ikamjaa kinywani. Pamoja na dizeli kikatoka kifundo cha uzi wa pamba, kidogo kuliko punje ya uwele.

Injini ikawaka. Bwana Injini akampiga babu yako begani mbele ya watu wote, akamshika mkono, mafuta kwa mafuta, akapaza sauti, "Bladi gudi, Luhende! Bladi gudi man!" Mvua ikaanza wakati pamba ya mwisho inaingizwa ndani, na kabla haijakatika akaja mtu kutoka nyumbani kumwambia babu yako kwamba mke wake amejifungua mtoto wa kiume.

Hakwenda nyumbani moja kwa moja. Alikwenda kwanza kwenye mizani.

"Mzee Shomari, lile neno la Bwana Injini, maana yake nini?"

Mzee Shomari akafikiri. "Lenyewe halina maana, Luhende. Ni neno la kutia nguvu. Ukiliweka mbele ya jambo, jambo linakuwa kubwa. Mbele ya ubaya, ubaya unazidi. Mbele ya uzuri, uzuri unazidi."

"Na mbele ya mtu?"

"Hapo itategemea nani anasema, na kama amekunja uso au ameukunjua."

Hayo babu yako alinisimulia mwenyewe mara nyingi nilipokuwa mdogo, akimwigiza Mzee Shomari mpaka namna yake ya kuvua miwani. Unajua sisi Wasukuma, mtoto anaitwa kwa kilichompokea mlangoni. Aliyezaliwa mwaka wa njaa ni Nzala, wa safarini ni Njile, wa mvua ni Mabula. Mimi nilizaliwa mvua inanyesha, kwa haki ningekuwa Mabula, na bibi yako alikuwa amekwisha kuanza kuniita hivyo. Babu yako akaingia ananuka dizeli, akanichukua, akasema, "Akina Mabula wamejaa kila nyumba. Huyu ni Bladi."

Basi nikawa Bladi. Bibi zetu ndimi zao hazikulipenda lile neno, wakasema Bhuladi, na likatulia kama jina la Kisukuma lililokuwepo siku zote. Jioni babu yako alikuwa akisimama nje ya zizi ananiita nikiwa mbali malishoni pamoja na ng'ombe, analivuta jina mwishoni, "Bhuladiii!" Naitika, ng'ombe wenyewe wanageuka. Sikujua kama kuna jina zuri kuliko hilo.

Nilipofika darasa la tano tukaletewa mwalimu mpya kutoka mbali. Siku ya kwanza anaita majina akafika kwangu, akasimama, akasoma tena kimoyomoyo, akacheka. "Wewe nani kakupa tusi hili?" Nikasema baba. Akalieleza darasa zima kwamba hilo ni tusi la mkoloni, kwamba Wazungu walipotaka kumtukana mtu mweusi walimwita bladifulu, yaani mpumbavu wa kutupwa, na kwamba huyu mwenzenu kapewa nusu ya kwanza ya tusi, nusu ya pili sijui imebaki kwa nani. Darasa likaangua kicheko. Mpaka kengele ya mapumziko inalia, nilikuwa nimekwisha kuitwa Fulu. Walioniita hivyo wengine nilikuwa nikichunga nao.

Nikafika nyumbani nikamkuta babu yako anasokota kamba ya ng'ombe. Nikamweleza yote. Akasikiliza, mikono haijaacha kamba, halafu akaniuliza jambo moja tu, "Huyo mwalimu alikuwepo injini ilipowaka?"

Hilo lilikuwa jibu, Milembe. Lilikuwa jibu lililotosha. Lakini nilikuwa na miaka kumi na mbili, na nilikuwa nimejifunza neno jipya siku hiyo. Nikamwambia, "Baba, Mzungu alikuwa anakutukana, na wewe ukacheka naye. Fulu ni wewe."

Bibi yako aliweka chungu chini. Nilijua kwamba naondoka pale na alama za fimbo, na leo natamani ningeondoka nazo. Hakunigusa. Akamaliza kusokota kamba, akaifunga fundo, akaingia ndani. Tangu siku hiyo hakuniita tena kwa sauti kubwa kutoka zizini. Kama kuna watu, alikuja mpaka karibu, akaliita jina taratibu, ili lisisikike na mwingine.

Mwalimu yule hakusema uongo. Alichokijua alikijua, ila kilikuwa nusu. Nimeishi miaka mingi sasa, na walionitia hasarani wengi wao hawakuwa waongo. Walikuwa watu wa nusu, kama nilivyokuwa mimi siku ile.

Nilipopata miaka ishirini na moja nikakimbilia Rwamgasa, huko Geita, kwenye dhahabu. Umekulia kwenye hadithi zangu za Rwamgasa, za maduara, yale mashimo ya wachimbaji, yenye giza hata saa sita mchana, za kamba na taa za kichwani, umecheka nazo mara nyingi. Kuna moja sijakusimulia. Machimboni nilipapenda kwa sababu moja ambayo haikuwa dhahabu. Kule hakuna mtu anayekuuliza baba yako nani. Mtu anashuka kwenye gari akiwa na jina moja, anafika shimoni ana jingine. Niliposhuka nikasema naitwa Bernadi. Nililichagua kwa hila ya kijinga. Nilifikiri kwamba mtu wa nyumbani akitokea akaniita Bladi kwa mbali, wenzangu watadhani kasema Bernadi.

Nikapata kazi kwenye karasha, ile mashine ya kusaga mawe. Miaka sita sikurudi nyumbani. Nilituma salamu kwa watu, lakini mwenyewe sikurudi, kwa kuwa nyumbani nilikuwa Fulu na Rwamgasa nilikuwa Bernadi wa karasha.

Mwaka wa sita babu yako akaja kunitafuta.

Hakujua niko wapi ila kwamba niko machimboni. Akaanzia juu kwenye maduara, anakwenda mdomo wa shimo hadi mdomo wa shimo, anauliza kwa Kiswahili chake cha shida, "Bladi yuko hapa?" Watu wanacheka. Kijana mmoja alikuwa ametoka chini muda huo, ametoka mikono mitupu, ana hasira zake, akadhani anatukanwa yeye.

"Mzee, unamwita nani bladi?"

"Mwanangu."

"Basi kawatukane wanao nyumbani kwako!" Akamsukuma. Babu yako akaanguka kwenye kifusi, akainuka, akajikung'uta, akaendelea kuuliza.

Habari hizo zilifika kwenye karasha kabla yake. Mwenzetu mmoja akaja anajipigapiga mapaja kwa kicheko, "Kuna mzee wa Kisukuma anazunguka anatukana watu, eti anamtafuta bladi." Wote wakacheka. Mimi nilijua palepale ni nani. Nikacheka nao, nisionekane peke yangu sicheki.

Akafika. Nilikuwa nimejifunga kitambaa puani na mdomoni, na vumbi la mawe lilikuwa limenifunika kuanzia nywele mpaka vidole vya miguu kama mtu aliyemwagiwa unga. Begani alikuwa na mfuko wa kitambaa. Alikuwa amezeeka kuliko miaka sita.

"Shikamoo mzee," nikasema, maana alisimama mbele yangu mimi.

"Marahaba, ng'wanawane." Ndivyo tunavyomwambia kijana yeyote, mwanangu. "Namtafuta kijana wangu. Anaitwa Bladi. Bladi wa Luhende."

Wenzangu watatu wamesimama wananitazama. Mmoja akasema, "Bernadi, mjibu mzee bwana, si Msukuma mwenzako!"

Nikamjibu. Nilisema, "Hapa hakuna mtu wa jina hilo, mzee."

Alinitazama. Miaka yote nimejiambia kwamba kitambaa kilikuwa usoni, kwamba vumbi lilikuwa jingi, kwamba macho yake yalikuwa yameanza kufifia. Lakini huyu ndiye mtu aliyejua ugonjwa wa injini kwa kuisikia ikikohoa. Angeikosaje sauti ya mwanawe? Akauteremsha mfuko begani, akauweka chini karibu na miguu yangu.

"Wabeja," akasema, yaani asante. "Basi mzigo wake nauacha hapa. Ni michembe ya viazi vitamu, mama yake kaikausha mwenyewe. Ukimwona, mpe."

Akageuka akaondoka.

Sikumfuata, Milembe. Ningeweza kukudanganya kwamba karasha lilikuwa linazunguka, kwamba bosi alikuwepo. Karasha lilikuwa limezimwa. Kilichonizuia ni watu watatu ambao leo hata majina yao ya bandia siyakumbuki. Sikuweza kuvumilia wanicheke kwa saa moja. Baada ya saa moja wangekuwa wamechoka, wangetafuta mwingine wa kumcheka, ndivyo vijana walivyo. Kwa ajili ya saa hiyo moja nilimwacha baba yangu arudi Kishapu peke yake. Jioni tulikula ile michembe kwa karanga. Wakasema ni mitamu, nani kaleta? Nikasema mzee mmoja mpita njia. Nami nikala.

Nilikaa miaka miwili zaidi, halafu nikarudi nyumbani. Njia nzima kutoka Geita mpaka Shinyanga nilikuwa nayapanga maneno ya kumwambia. Nilimkuta amekaa nje. Akainuka, akanyoosha mkono, akasema, "Karibu nyumbani, Bernadi."

Bibi yako akamtazama haelewi. Mimi nilielewa. Alilisikia kwa mwenzangu siku ile, akalichukua, akalitunza miaka miwili. Na hakulisema kwa kejeli, hilo ndilo lililonimaliza. Alilisema kwa uangalifu, kama mtu aliyelifanyia mazoezi peke yake asije akakosea jina la watu. Nikaushika mkono wake, nikaingia ndani na maneno yangu yote.

Akaniita hivyo mpaka alipokufa. Nilipokwenda mahakamani kula kiapo ili karatasi zangu zote zisomeke Bernard, aliomba kuiona hiyo hati. Hakujua kusoma. Akaishika kwenye mwanga, akaigeuza, akasema, "Mhuri mzuri," akanirudishia. Kila mwaka nilijiambia kwamba msimu huu, tukimaliza kuvuna, nitamwambia, baba, niite kama zamani. Msimu unakwisha, unakuja mwingine. Aibu ukiiacha haipungui, Milembe, inaota mizizi. Na mkataa kwao ni mtumwa, wazee walisema, ila hawakusema kwamba siku akitaka kurudi anakuta mlango uko wazi na miguu ndiyo inayokataa kuingia.

Alipougua, siku za mwisho akawa anachanganya. Mama yako, ambaye tulikuwa tumeoana mwaka huo, babu yako alimwita kwa jina la dada yake mwenyewe aliyekwisha kufa. Aliwaita ng'ombe waliokufa mimi nikiwa mtoto. Nami nilikaa kando ya kitanda chake, na ninaona haya kuliandika hili, nikawa naomba Mungu akili yake ikosee na kwangu pia, isahau, irudi nyuma, itoke na lile jina. Haikukosea hata mara moja. "Bernadi," akasema, "nipe maji." Nikampa. Hakunena nami tena.

Sasa turudi kwenye ile meza.

Ulisoma kwamba hakuna anayejua kwa hakika neno lile lilitoka wapi. Ukasema wako wanaodhani ni kiapo cha zamani kwa jina la Bikira Maria kilicholika midomoni mwa watu mpaka kikabaki kipande, lakini wataalamu wanakikataa. Wako wanaosema ni damu tu, damu hii ya kawaida. Wengine wanasema ni damu moto za vijana wa kitajiri wa enzi hizo, waliokuwa wakilewa na kupigana mitaani, watu wakawa wanasema fulani kalewa kama wale wa damu. Ukasema kuna wakati lilikuwa zito hata magazeti yao yaliogopa kuliandika lote, na siku hizi bibi kizee analisema juu ya mvua, hakuna anayegeuka. Nilikuwa nasikiliza mkono uko kwenye tonge. Halafu ukainua kidole kama mwalimu, ukasema, "Lakini kazi yake ni moja, baba. Lenyewe si zuri wala si baya. Linakikuza kile kinacholifuata."

Ni Mzee Shomari yule, Milembe. Karani wa mizani, kofia safi, maana ileile. Umekwenda chuo kikuu, umefungua vitabu vya Waingereza wenyewe, ukarudi na jibu ambalo babu yako alipewa kwenye mizani ya pamba siku niliyozaliwa.

Nilikwenda nyuma ya jiko, kwenye kuni, nikalia kwa sauti. Nililia kwa kuwa baba yangu hakukosea. Lakini kuna jambo jingine lililonijia pale kwenye kuni, ambalo hata yeye sidhani kama alilipanga. Neno lile linakikuza kinacholifuata. Na jina langu lilikuwa linafuatwa na la nani? Bladi Luhende. Kila mahali ambapo ningejitaja kwa jina langu lote, shuleni, machimboni, mbele ya hakimu, ningekuwa namkuza baba yangu. Nililifuta jina hilo kwa kiapo na mhuri.

Mama yako nimemweleza leo mchana, kwa mara ya kwanza tangu tuoane. Akasema, "Ndiyo maana." Sikumuuliza ndiyo maana nini.

Sikwambii ubadilishe karatasi zako. Wewe ni Milembe Bernard Luhende, na mwenye jina kubwa yumo humo mwishoni. Huko uendako watashindwa kulitamka Milembe, watakuomba uwakatie kipande kifupi wakitumie. Utaamua mwenyewe, wewe si mimi, na jina lako ni amani, limetulia. Na lile neno lenyewe utalisikia vituoni, madukani, chuoni, huenda na wewe ukaambiwa. Utazame kwanza uso wa anayesema, kama Mzee Shomari alivyofundisha. Mimi sikutazama uso wa mtu yeyote. Nilisikia kicheko cha darasa moja, nikakaa nacho maisha yangu yote.

Kuna mfuko wa kitambaa chini kabisa ya begi lako. Mama yako ameutoa mara tatu akisema Uingereza hawaruhusu, nami nimeurudisha mara zote tatu. Ni michembe. Safari hii viazi nilivikata na kuvianika mwenyewe, ndiyo maana vipande vingine ni vinene kama vigingi. Wakikunyang'anya uwanja wa ndege, waache wakunyang'anye. Lakini ukifika nayo, kula.

Nimebakiza ombi moja. Najua mtoto wa Kisukuma hamwiti baba yake kwa jina, na bibi yako akisikia atageuka kaburini. Lakini kesho stendi kutakuwa na kelele, wapiga debe wanaita Mwanza, mama yako analia na kuhesabu mabegi, hakuna atakayetusikiliza. Ukishapanda, kabla dereva hajaondoa gari, fungua dirisha uniite. Mara moja tu. Usiseme kama kwenye kitabu chako. Sema kama alivyosema yeye akiwa zizini, ulivute jina mwishoni. Kuna zaidi ya miaka thelathini hakuna aliyeniita hivyo, na sina hakika kama bado najua kuitika vizuri.

Nitasimama karibu na dirisha.

Baba yako,
Bladi Luhende